Sinema Bubu na Safari ya Jeshi Lililoshindwa

Ushindi ni rahisi kuonyeshwa. Mchoraji akitaka kuuonyesha huchora farasi aliyeinua miguu ya mbele, bendera juu ya ngome, na jemadari aliyenyosha upanga wake. Na mtazamaji, hata kama hajui vita vile vilipiganwa wapi, huelewa mara moja ni nani aliyeshinda. Kuonyesha kushindwa ni kazi ngumu zaidi. Jeshi kubwa haliangamii kwa saa moja. Huangamia kwa majuma na miezi, kwa njaa, kwa homa, kwa baridi, na kwa amri mbaya iliyotolewa na mtu aliyekaa mbali; na mambo hayo hayana farasi wala bendera. Kwa hiyo sinema inayojaribu kusimulia maangamizi ya jeshi yataka mizani yake yenyewe, wala haifai kupimwa kwa ile tuitumiayo kupimia sinema za mashujaa.

Katika insha hii tutazipima sinema za zamani, zilizotengenezwa kabla picha za sinema hazijapata sauti. Ya kwanza yasimulia safari ya Napoleon nchini Urusi. Ya pili yasimulia kushindwa kwa Waingereza mbele ya Wazulu. Kisha tutarudi Kisumu, kwenye ufuko wa ziwa letu, tuulize kwa nini msiba wa vita uliotupata sisi wenyewe kati ya mwaka 1914 na 1918 haukupata sinema yake.

Yafaa kwanza tuseme neno juu ya sinema bubu, maana vijana wengi huzitazama kwa kicheko. Watu ndani yake huenda mbio mbio kama waliovamiwa na siafu, tena hufungua vinywa na sauti isitoke. Mwendo ule si kosa la waigizaji. Siku zile mpiga picha aliizungusha kamera kwa mkono wake, akipiga picha 16 au 18 au zaidi kidogo kwa kila sekunde. Mashine za baadaye, zilizotengenezwa kwa ajili ya sinema zenye sauti, huonyesha picha 24 kwa sekunde. Sinema ya zamani ikipitishwa katika mashine ya namna hiyo bila kurekebishwa, kila mtu hukimbia hata akiwa anakwenda maziko. Watazamaji wa kwanza hawakuona hivyo. Wao waliona watu wakitembea kama watu, huku piano au bendi ikipigwa ukumbini, na baina ya picha na picha yakatokea maandishi machache ya kueleza habari.

Bubu huyu alikuwa na faida yake. Mtu asiyeweza kusema hulazimika kuonyesha. Mtengenezaji wa sinema bubu hakuweza kumwekea jemadari hotuba ya kuficha kosa lake, isipokuwa kwa maandishi mafupi. Ilimbidi atuonyeshe uso, mikono na miguu. Nasi tutaona kwamba katika habari za jeshi lililoshindwa, miguu ndiyo isemayo kuliko vyote.

Habari ya Napoleon yajulikana. Mwezi wa Juni 1812 mfalme huyo wa Wafaransa aliingia Urusi na jeshi la watu zaidi ya nusu milioni, waliokusanywa kutoka nchi nyingi za Ulaya. Tarehe 7 Septemba akapigana na Warusi huko Borodino, na kwa siku ile moja waliouawa na kujeruhiwa katika pande zote mbili walikuwa makumi ya maelfu. Tarehe 14 Septemba akaingia Moscow, akaukuta mji umehamwa na watu wake, na punde ukaanza kuteketea kwa moto. Akangoja majuma matano aletewe maneno ya amani, hayakuja. Tarehe 19 Oktoba akaanza kurudi. Njiani akakutana na njaa, theluji, na Warusi waliokuwa wakimnyemelea kando ya barabara. Jeshi lililovuka mpaka kwa fahari mwezi wa Juni lilirudi Desemba likiwa mabaki.

Miaka mia moja baadaye, mwaka 1912, habari hiyo ilifanywa sinema nchini Urusi, na jina lake likawa ule mwaka wenyewe, 1812. Waongozaji wake walikuwa Vasily Goncharov, Kai Hansen na Aleksandr Uralsky. Jambo la ajabu ni kwamba iligharimiwa kwa ushirika na kampuni ya Mrusi Khanzhonkov na tawi la Moscow la kampuni ya Pathé, ambayo ni ya Kifaransa. Wajukuu wa waliochoma na wajukuu wa waliounguzwa walikaa meza moja wakatengeneza picha ya msiba wa babu zao. Pengine ndiyo sababu sinema hii haina matusi mengi. Inamwonyesha adui akiteseka, nasi twamwonea huruma.

Sehemu za vita katika sinema hiyo ndizo dhaifu. Kamera ya mwaka 1912 aghalabu ilisimama mahali pamoja, kama mtu aliyekaa kitini akitazama mchezo wa kuigiza. Moshi unapanda, askari wanapita, wengine wanaanguka, na mtazamaji hajui mstari gani umevunjika wala kwa nini. Lakini vita vikiisha na safari ya kurudi ikianza, sinema yapata nguvu ambayo haikuwa nayo. Watengenezaji wake waliiga michoro ya Vasily Vereshchagin, Mrusi aliyechora vita bila kuvipamba, ambaye mwenyewe alikufa vitani mwaka 1904 manowari aliyokuwamo ilipozama karibu na Port Arthur. Kutoka kwake walijifunza kwamba jeshi lililoshindwa lapaswa kuonyeshwa likiwa njiani. Kamera isiyosogea, iliyokuwa kilema katika vita, sasa yageuka kuwa fadhila: inasimama tuli, na watu wanapita mbele yake katika theluji, nasi twapata nafasi ya kuwatazama.

Msomaji wa Kisumu hajui theluji, ila anajua matope. Aliyewahi kuvuka uwanda wa Kano kwa miguu wakati wa mvua za masika anafahamu jinsi ardhi inavyoweza kumshika mtu hatua kwa hatua, hata mzigo mdogo ukawa mzito kama jiwe la kusagia. Mtu huyo ataielewa sinema ya 1812 bila kuhitaji maandishi hata mstari mmoja. Namna mtu anavyotembea hueleza kama ana matumaini au hana, na habari hiyo haina haja ya mkalimani.

Kosa la sinema hiyo ni kwamba haijamwachilia Napoleon. Kila mara yarudi kwake, kana kwamba maelfu yale yalikufa ili sisi tuuone uso wake ukihuzunika. Wanaotembea hawana majina. Hata hivyo wamo, tunawaona, na macho yetu yakitoka kwao hayawasahau. Kwa hiyo, pamoja na upungufu wake, twaihesabu kuwa kazi ya kweli.

Sasa tuitazame sinema ya pili, iliyotengenezwa katika bara letu. Mwaka 1918 kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg, iliyoanzishwa na tajiri Isidore Schlesinger, ilitoa sinema iitwayo The Symbol of Sacrifice, yaani Alama ya Kafara. Mwongozaji wake alikuwa Dick Cruikshanks. Imebaki vipande tu, kwa hiyo mhakiki yampasa kuihukumu kwa uangalifu. Lakini mpango wa hadithi yake wajulikana vya kutosha.

Sinema hiyo yahusu vita vya mwaka 1879 kati ya Waingereza na Wazulu. Mwezi wa Januari mwaka huo Lord Chelmsford aliingia nchi ya Wazulu, akapiga kambi chini ya mlima Isandlwana, kisha akaligawa jeshi lake na kwenda na sehemu moja kumtafuta adui. Adui hakuwa kule alikokwenda. Tarehe 22 Januari Wazulu wapatao 20,000 waliishukia kambi, na watu zaidi ya 1,300 wa upande wa Waingereza wakauawa. Alasiri ile ile, hata kesho yake asubuhi, kikosi kidogo cha watu wapatao 150 mahali paitwapo Rorke's Drift kilishambuliwa kikastahimili.

Angalia jinsi sinema ilivyoyatumia mambo hayo mawili. Imeyaweka pamoja, la pili likawa dawa ya la kwanza. Mtazamaji anaumia kwa Isandlwana, halafu anafarijiwa kwa Rorke's Drift, akaondoka ukumbini ameridhika. Swali kubwa, la kwa nini kambi iliachwa wazi na ni nani aliyeiacha, limepotea njiani. Na jina lenyewe lamsaidia mtazamaji kulisahau. Kafara, kwa jinsi Waswahili wanavyolijua neno hili, hutolewa na mtu kwa kukusudia, ili kuondoa balaa. Askari wa Isandlwana hawakujitoa kuwa kafara, bali waliponzwa na hesabu mbaya za mkubwa wao. Kuliita kosa kwa jina la ibada ni njia ya kulifukia.

Tena kuna Wazulu. Wao walikuwa wakiilinda nchi yao, na siku ile ya Isandlwana ilikuwa siku ya ushindi wao, ushindi ambao baadaye waliulipia kwa kupoteza ufalme. Waafrika wengi waliigiza katika sinema hiyo. Lakini hadithi haikusimuliwa kutoka upande wao; wao walikuwa wimbi la kutisha linalokuja juu ya watu wenye majina. Hivyo katika sinema ya Urusi twaona watu wasio na majina wakitembea, na tunawahurumia. Katika sinema ya Johannesburg twaona watu wasio na majina wakishambulia, na tunafundishwa kuwaogopa. Kamera ni ile ile. Tofauti ni mahali iliposimama.

Hila hii ya kuifunika aibu kwa fahari haikuishia Johannesburg. Nchini Uingereza, baada ya Vita Kuu ya Kwanza, kampuni ya British Instructional Films ilitengeneza mfululizo wa sinema bubu za kuvirudia vita vile: Jutland mwaka 1921, Zeebrugge mwaka 1924, Ypres mwaka 1925, Mons mwaka 1926. Mwaka 1927 Walter Summers aliongoza sinema ya vita viwili vya baharini, Coronel na visiwa vya Falkland. Huko Coronel, tarehe 1 Novemba 1914, manowari za Waingereza zilishindwa na za Wajerumani. Huko Falkland, tarehe 8 Desemba, Waingereza wakalipiza kisasi. Kwa ufundi wa picha sinema hiyo ni nzuri sana. Lakini ona tena: kushindwa kumeruhusiwa kuonyeshwa kwa kuwa ushindi ulikuwa ukingoja mlango wa pili.

Na hapo ndipo tufikapo nyumbani. Siku iliyofuata Coronel, yaani tarehe 2 Novemba 1914, jeshi la Waingereza la watu wapatao 8,000, wengi wao Wahindi, lilianza kushuka Tanga. Wajerumani na askari wao Waafrika hawakuzidi sana elfu moja, chini ya Paul von Lettow-Vorbeck. Mapambano yalipokwisha, hata nyuki wakiwa wamefukuzwa mizingani kwa risasi na kuwauma watu, jeshi kubwa lilirudi melini limeacha nyuma bunduki na risasi nyingi, na watu wake zaidi ya 800 wameuawa, wamejeruhiwa au wamepotea. Mambo yote ambayo mtengenezaji wa sinema angeyataka yalikuwapo: bahari, minazi, kiburi, na aibu. Lakini Tanga haikuwa na Falkland yake ya kuifunika upesi, nayo haikuingia katika mfululizo ule.

Haiwezekani kusema kwamba watu wa kamera hawakuwajua watu wa huku. Reli ilifika Kisumu mwezi wa Desemba 1901, na vita vilipoanza bandari yake ilikuwa mlango wa jeshi kwenda ziwani. Mwezi wa Juni 1915 askari waliondoka Kisumu kwa meli za reli, wakavuka ziwa, na tarehe 22 na 23 wakaushambulia na kuuteka mji wa Bukoba, wakaubomoa mlingoti wa simu ya upepo, kisha wakarudi. Miongoni mwa vikosi vilivyokwenda kilikuwamo kile cha 25 cha Royal Fusiliers, na katika kikosi hicho alikuwamo Cherry Kearton, Mwingereza aliyekuwa mmoja wa mabingwa wa sinema bubu duniani. Mwaka 1909 alikuwa amekwisha kumpiga picha Theodore Roosevelt, aliyekuwa Rais wa Marekani, akiwinda katika nchi yetu. Fundi, basi, alikuwapo. Walakini sifa zake duniani ni za picha za wanyama. Simba wa Afrika alipata sinema zake. Mpagazi wa Afrika hakupata.

Na mpagazi ndiye aliyetembea. Katika nchi zisizo na barabara, zenye mbung'o wa kuua farasi na ng'ombe, kila risasi na kila kibaba cha unga kilibebwa kichwani. Nyanza ilitoa watu wengi sana. John Ainsworth, aliyekuwa mkuu wa jimbo hilo akikaa Kisumu, ndiye aliyepewa mwaka 1917 kazi ya kukusanya wapagazi kwa wingi kuliko mara zote. Wajaluo, Waluhya, Wakisii na wengine waliingia katika kundi lililoitwa Carrier Corps, jina ambalo midomo ya watu imelihifadhi katika Kariokor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar es Salaam. Walikwenda kusini hadi Rufiji na mbali zaidi. Wengi hawakuuawa na risasi. Waliuawa na kuhara damu, kichomi na malaria, na unga ambao matumbo yao hayakuuzoea, tena usioiva vema. Hesabu za serikali ya wakati ule zilitaja zaidi ya wapagazi 40,000 waliokufa katika utumishi wa Waingereza. Wanahistoria wanaamini kwamba hesabu ya kweli ilikuwa kubwa zaidi, pengine karibu 100,000.

Twaweza kulinganisha. Huyo ni mtu yule yule wa barabara ya Urusi, anayetembea mpaka aanguke. Ila yeye ana mzigo kichwani badala ya bunduki begani, na matope badala ya theluji. Katika sinema bubu mashuhuri za vita hatuioni hata moja iliyomfanya yeye kuwa kiini cha hadithi. Waswahili husema, asiyekuwapo na lake halipo. Mpagazi alikuwapo, mchana na usiku, na bado lake halikuwapo.

Mtu aweza kupinga akisema: sinema ni biashara, nani angelipa kutazama watu wakifa kwa kuhara? Hoja hii ina uzito, nayo haifai kudharauliwa. Tena serikali inayotawala watu haipendi kuwaonyesha jinsi ilivyowapoteza. Lakini sanaa nyingine, iliyo bubu kuliko sinema, iliweza kufanya kidogo. Katika barabara ya Kenyatta mjini Nairobi kuna ukumbusho wa vita hivyo wenye watu watatu wa shaba, na mmoja wao ni mpagazi. Mchongaji, James Alexander Stevenson, alimpa kimo sawa na askari walio karibu naye. Kama shaba isiyotembea iliweza kumpa mpagazi nafasi, picha zinazotembea zilishindwaje? Zilishindwa kwa sababu hazikuulizwa. Na gharama ya kutoulizwa yaonekana hata leo. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola iliomba radhi kwa kuwa maelfu kwa maelfu ya waliokufa, wengi wao Waafrika, hawakukumbukwa kwa majina kama walivyokumbukwa wenzao. Aliyekosa kuonekana akiwa hai alikosa hata jiwe.

Basi, mwanafunzi atakapotazama sinema ya vita, iwe bubu au yenye sauti, na aiulize maswali manne. Kamera imesimama upande wa nani? Ni nani waliopewa majina, na ni nani waliobaki kundi tu? Baada ya mizinga kunyamaza, je, sinema inakaa kuwatazama waliobaki, au inakimbilia ushindi mwingine wa kuwafariji watazamaji? Na la mwisho: kosa lililowaua watu limeonyeshwa, au limevishwa jina zuri? Sinema ya 1812 hujibu vizuri swali la tatu, na hujikwaa katika la pili. Alama ya Kafara hushindwa katika yote manne, ijapokuwa farasi wake ni wengi na mashamba yake ya vita ni mapana.

Sinema ya wapagazi yaweza kutengenezwa hata sasa, wala haitahitaji fedha za Napoleon. Yatosha kamera itulizwe kando ya njia, na watu wapite mbele yake mmoja mmoja na mizigo yao, tangu gati la Kisumu hadi ng'ambo ya Rufiji, bila hotuba. Mtazamaji awahesabu wanapokwenda, kisha awahesabu wanaporudi.